Jua na Kivuli kwa Miti ya Mapambo Ufipa

Mti usiopukutisha majani hupokea mwanga mwaka mzima, na mwaka mzima hupoteza maji kupitia majani yake. Mjakaranda ukizidiwa na kiangazi huangusha majani na kusubiri mvua. Saiprasi, fikasi na araukaria hazina njia hiyo: lazima zistahimili kila mwezi wa mwaka zikiwa zimevaa majani yote. Ndiyo maana mahali pa kuupanda mti wa namna hii panastahili kufikiriwa kabla ya shimo kuchimbwa.

Katandala, kata ya mjini Sumbawanga, iko nyuzi 8 hivi kusini mwa ikweta, kwenye uwanda wa juu wa Ufipa, karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari. Kwa kimo hicho hewa ni pungufu kwa karibu moja ya tano kuliko ya Dar es Salaam, na mwanga hufika chini ukiwa haujachujwa sana. Hewa yenyewe lakini ni ya ubaridi, na ubaridi huo humpumbaza mpandaji: mtu akilipima jua kwa joto analolisikia mwilini, ataona mti hauna shida. Juni na Julai, mbingu zikiwa nyeupe bila wingu, jani lililopoa usiku kucha huamka likifanya kazi polepole. Mwanga mkali wa asubuhi hulikuta katika hali hiyo na kulipa zaidi ya linachoweza kutumia, na ziada hiyo huharibu sehemu za kijani zinazotengeneza chakula. Jani hupauka, hugeuka manjano, kisha kingo zake hukauka. Upepo wa kusini-mashariki humalizia kazi. Kwa hiyo Ufipa mti mchanga huweza kubabuka katikati ya kipupwe, wakati ambao wenyeji wanavaa makoti.

Pande za nyumba nazo hazilingani. Vitabu vingi vya bustani vimeandikwa Ulaya na Marekani, ambako upande wa kusini ndio wenye jua. Sumbawanga mambo hugeuka. Jua hupita utosini mara mbili kwa mwaka, karibu na mwisho wa Februari na katikati ya Oktoba. Kati ya tarehe hizo, kuanzia Machi hadi Oktoba, jua la mchana huwa upande wa kaskazini. Miezi iliyobaki huhamia kusini. Mwishoni mwa Juni ukuta wa mita 3 hutupa kivuli cha karibu mita 1.8 upande wa kusini jua linapofika juu kabisa, na mche uliopandwa ubavuni mwa ukuta huo waweza kukaa miezi bila kuguswa na jua moja kwa moja. Desemba kivuli huhamia kaskazini, nacho hakifiki hata mita moja. Anayekagua kiwanja chake Desemba tu atakuwa ameona nusu ya habari.

Saa ya ukutani nayo hupotosha. Tanzania nzima hufuata saa ya nyuzi 45 mashariki, ilhali Sumbawanga iko nyuzi 31 na ushee. Jua hufika juu kabisa karibu na saa saba mchana, si saa sita, na kipindi kikali huanzia kama saa tano hadi saa tisa alasiri. Upande wa magharibi ndio mgumu zaidi wakati wa kiangazi, kwa kuwa jua la alasiri hukutana na ukuta wa matofali uliokwisha kupata moto. Upande wa mashariki ni mpole. Tena wakati wa mvua, mawingu yanapojikusanya mchana, mti ulioko mashariki ndio unaofaidi mwanga wa asubuhi.

Miti inayotaka jua kamili ni ile inayohitaji saa 6 au zaidi za mwanga wa moja kwa moja kila siku. Humo imo mvinje, misonobari na saiprasi ya Mexico, ambayo ndiyo inayopendwa kwa ua na ambayo huzoea vizuri nyanda za juu. Saiprasi ikinyimwa mwanga chini, matawi ya chini hukauka, na sehemu kavu ya ndani haichipui tena. Kwa hiyo ua hukatwa ukiwa mpana chini na mwembamba juu, mwanga ufike hadi mguuni. Araukaria huvumilia kivuli ikiwa changa, lakini mwanga ukija upande mmoja huinama na kupoteza umbo lake la ngazi. Tawi lililokufa halirudi. Mwashoki, mti wa India na Sri Lanka, hutaka jua tele na joto pia, na juani peke yake Ufipa hukua polepole mno kuliko pwani. Mpodo ni tofauti: katika misitu ya milimani miche yake huanza maisha chini ya miti mikubwa, hivyo kivuli cha nusu siku huufaa miaka ya mwanzo.

Fikasi hustahimili jua na kivuli, lakini haistahimili kuhamishwa ghafla. Jani lililokulia kivulini ni pana lakini si nene. Likipelekwa juani huungua, wala halipati unene wa jani la jua. Mti huangusha majani hayo na kuotesha mengine yanayofaa mahali papya. Wengi huung'oa wakidhani umekufa, hasara inayosikitisha kwa kuwa ulihitaji wiki chache tu.

Dawa yake huanzia kitaluni. Miche iliyomo kwenye viriba chini ya paa la nyasi au neti hupunguziwa kivuli kidogo kidogo kwa wiki tatu au nne, ikianza na jua la asubuhi, huku umwagiliaji ukipunguzwa bila kukatwa. Kisha hupandwa mvua za Novemba na Desemba zikishika, mizizi ipate kwenda chini kabla ya Mei. Kiangazi cha kwanza kila mche huwekewa kinga ya nyasi au matete upande wa magharibi na wa kusini-mashariki, na matandazo shinani yasiyogusa shina. Mvua za pili zikianza, kinga huondolewa.