Jiwe la Rangi ya Majani

Vyote ving'aavyo si dhahabu, walisema wahenga. Lakini kwetu Katanga liko jiwe ambalo halimeremeti hata kidogo litokapo ardhini, na hata hivyo limejenga miji, limelisha jamaa nyingi, na limewafukia vijana wengi. Jiwe hilo ni malakiti. Katika nyumba za Kamalondo si ajabu kulikuta: pengine ni kisahani cha majivu ya sigara juu ya meza ya baba, pengine ni ushanga shingoni mwa mama, pengine ni tembo mdogo aliyesimama kabatini. Wageni hulisifu, watoto hulichezea. Lakini ni wangapi kati yetu wajuao limetoka wapi, na kwa jasho la nani? Basi, wasomaji wapenzi, tuifuate pamoja njia yake.

NCHI YA MALAKITI

Atokaye Lubumbashi kwenda Kolwezi husafiri yapata kilometa 300 kuelekea kaskazini-magharibi. Hupita Luisha, kisha Likasi, mji ulioitwa Jadotville tangu 1931 hadi 1966. Jirani ya Likasi ni Kambove, ambako reli ilifika mwaka 1913. Mbele yake ni Fungurume, na mwisho Kolwezi, makao makuu ya jimbo la Lualaba tangu Katanga ilipogawanywa mwaka 2015. Kati ya miji hiyo vimetapakaa vijiji na vituo vya barabarani: akina mama wauzao makaa na mahindi ya kuchoma, malori yaliyosheheni, na vijana waliojaa vumbi toka nywele hata vidole vya miguu.

Mwenye kuangalia vema ataona jambo la kustaajabisha. Vilima vingine havina miti juu yake, bali nyasi na maua tu. Sababu yake ni kwamba udongo wenye shaba nyingi ni sumu kwa mizizi ya miti, lakini mimea michache imeizoea sumu hiyo. Ndiyo maana watafutaji wa madini waliitazama mimea hiyo kabla ya kushika sururu, kama vile mganga amtazamavyo mgonjwa macho kabla ya kumpima.

Na malakiti yenyewe yatokeaje? Mvua hupenya katika miamba yenye shaba na kuiyeyusha shaba hiyo kidogo kidogo. Maji hayo yakikutana na mawe ya jamii ya chokaa, shaba huganda tena, tabaka juu ya tabaka, kwa muda wa maelfu na maelfu ya miaka. Ndiyo asili ya ile michirizi tuionayo jiwe likikatwa, wa rangi nzito na wa rangi hafifu, kama pete za ndani ya mti. Enyi wanafunzi, shikeni hesabu hii: katika kilo 100 za malakiti safi, yapata kilo 57 ni shaba.

MISALABA YA WAZEE WETU

Wazee wetu walilijua jiwe hili zamani sana. Walijenga matanuru kwa udongo wa kichuguu, wakatia makaa na malakiti, wakavuta mivukuto ya ngozi hata shaba ikatiririka. Waliimimina katika umbo la msalaba, na misalaba hiyo ilikuwa fedha yao. Mtu asidhani kwamba umbo hilo waliletewa na wamisionari: huko Sanga, katika bonde la Upemba, wataalamu waliofukua makaburi ya kale mwaka 1957 na 1958 walikuta misalaba ya shaba pamoja na mifupa ya watu waliozikwa karne nyingi kabla Injili haijafika kwetu. Hata bendera ya Katanga ya mwaka 1960 ilichorwa misalaba mitatu ya namna hiyo.

Kisha likaja shirika la Union Minière, lililoundwa mwaka 1906. Mwaka 1911 shaba ya kwanza ilitoka katika tanuru la Lubumbashi. Wafanyakazi waliletwa kutoka mbali, na mji wa weusi ukakua pembeni mwa mji wa wazungu. Kamalondo yetu, iliyoitwa zamani Cité Albert, ni mtoto wa siku zile. Tukisema kwamba nyumba za babu zetu zimejengwa na jiwe la kijani, hatusemi mafumbo.

SHIMO NA MASHINE

Katika miaka ya 1980 shirika la serikali, Gécamines, lilitoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka mmoja. Mwaka 1990 mgodi mkubwa wa chini ya ardhi wa Kamoto ulibomoka, na mwaka 1994 tani zote hazikufika 50,000. Mishahara ilikatika. Baba aliyekuwa amezoea kuamka kwa king'ora cha kazi sasa aliamka kwa kilio cha watoto wenye njaa. Ndipo wengi waliposhika sururu na kwenda kuchimba kwa mikono yao wenyewe.

Sheria ya madini ya mwaka 2002, iliyorekebishwa mwaka 2018, yamruhusu Mkongo aliye mtu mzima kufanya kazi hiyo, akiwa na kadi, katika maeneo yaliyotengwa, na shimo lisipite meta 30. Lakini njaa haisomi sheria. Mashimo huzidi kina, nguzo hazitiwi, nayo mvua hulainisha kuta. Mwezi Juni 2019, karibu na Kolwezi, ukingo wa mgodi uliporomoka juu ya wachimbaji, wakafa makumi ya watu kwa siku moja. Na mtaani Kasulo, katika mji huohuo, madini ya kobalti yalipogunduliwa chini ya nyumba mwaka 2014, watu walichimba hata ndani ya vyumba vyao vya kulala.

Tulikuwa na mwanafunzi mmoja, hodari wa hesabu kuliko wenzake. Baba yake alipougua, kijana akaacha masomo, akaenda machimboni. Alirudi baada ya mwaka na nusu, amekonda, akikohoa, na kidole kimoja hana. Tulimwuliza amepata nini. Akajibu, "Mwalimu, jiwe lilikuwa langu, lakini mizani ilikuwa yao, na mashine ilikuwa yao." Alimaanisha ile mashine ambayo wachimbaji huiita Metorex, ipimayo kiasi cha madini ndani ya gunia. Mnunuzi huitazama yeye, na mchimbaji huambiwa tu. Kijana yule aliyejua hesabu alishindwa na hesabu asiyoonyeshwa.

Tulimpokea tena darasani. Aliketi kati ya wadogo zake, wala hakuona haya.

MKONO UNAOJUA

Malakiti inayotiwa tanuruni hupimwa kwa wingi wa shaba yake, nayo hupotea moto ukiwaka. Lakini ile iliyo imara na yenye michirizi mizuri yaweza kuwa kito. Zamani Warusi waliichimba katika milima ya Ural, wakapamba nayo chumba kizima cha jumba la wafalme wao katika mji wa Saint Petersburg. Siku hizi dunia yaitafuta zaidi kwetu.

Fundi wa Lubumbashi au Kolwezi hulikata jiwe hilo, hulisugua, hulipaka dawa ya kung'arisha, mpaka mamba au mkufu utokee. Jiwe si gumu. Kisu cha chuma hulikwaruza. Lakini vumbi lake hudhuru mapafu. Fundi mwenye akili hulikata likiwa limelowa maji, na hufunika pua na mdomo. Nawe mama mwenye mkufu, usiuoshe kwa ndimu wala siki, maana hulila jiwe. Ukiwa mnunuzi, lipime mkononi: malakiti ya kweli ni nzito na baridi, na michirizi yake haifanani kamwe kama iliyopigwa chapa.

Hatusemi kwamba kila mchimbaji awe fundi wa mikufu. Soko lake halitoshi. Twasema tu kwamba jiwe lilelile lina bei nyingine likipita katika mkono uliofundishwa, na mkono haufundishwi shimoni. Basi, enyi wazazi, siku mtakapobanwa na karo, uzeni kiti, uzeni redio, nendeni kwa jirani na kwa walimu mkaseme shida yenu. Msimpeleke mtoto shimoni. Malakiti ilingoja maelfu ya miaka ardhini. Yaweza kungoja miaka michache zaidi, mpaka mtoto amalize shule.