Kadi ama WhatsApp? Kutuma habari ya harusi haiko kujulisha

Kisha diplome inafuata kazi, na kisha kazi (saa ingine hata mbele ya kazi) inafuata ndoa. Kwa hiyo leo tuongee juu ya jambo moja ambalo wengi wetu tutalipitia: namna ya kuwapa wageni habari za harusi.

Siku kaka yangu alipotoa dote, hapa Bukavu, baba mukubwa alitoka Walungu asubuhi mapema, koti mwilini na kadi yetu mfukoni. Kadi ilisema Kadutu. Akafika Kadutu, akakuta mlango umefungwa. Siku mbili mbele yake mvua ilikuwa imeharibu njia ya kule, na familia ya bibi harusi ikahamisha sherehe ku Nguba. Sisi habari hiyo tuliiweka ndani ya grupu ya WhatsApp. Watu wakajibu kwa dole gumba, tukalala. Lakini baba mukubwa anatumia simu ya tochi. Kule Nguba wakwe wakauliza: "Nani atasema kwa jina la familia?" Yeye njo alipaswa kusema. Tukamngoja masaa mawili, wakwe wakitutazama tu. Jioni alituambia neno moja: "Mimi nilikuya, nikakuta mulango imefungwa. Njo vile munaheshimiaka bakubwa?"

Tangu siku ile nimefahamu kwamba mwaliko ni ahadi. Tunamwambia mtu siku, saa na fasi, na tunajifunga kumjulisha kama kimoja kati ya hivyo kinabadilika. Karatasi inabeba upande mmoja wa ahadi hiyo, simu inabeba upande mwingine.

Tuanze na karatasi. Kazi yake ya kwanza ni heshima. Kadi inapelekwa kwa mkono. Unakaribishwa, unakaa, unaulizwa habari za wakwe. Mzee anaiweka juu ya kabati na kuwaonyesha majirani. Tena kadi haiombi umeme wala mega. Munakumbuka tarehe 31 Desemba 2018, kisha uchaguzi: intaneti ilikatwa inchi nzima karibu wiki tatu, na SMS nazo zikafungwa. Aliyekuwa na harusi mwezi ule wa Januari 2019 alibaki na karatasi, miguu yake, na simu ya kupiga kwa sauti.

Kasoro ya karatasi ni moja: ikisha kuchapwa haibadiliki. Juu ya hiyo, musikimbilie kuchapa mbele komini na kanisa hazijawapa tarehe. Mbele ya kulipa, wazazi wa pande mbili wasome karatasi ya majaribio, sababu jina la mkwe likikosewa, maneno yake hayaishi. Na chini ya kadi muweke namba mbili za watu ambao wanajibu simu kweli. Namba ya bwana harusi haifai: siku ile simu yake iko ndani ya mfuko wa mtu mwingine, na imezimika.

Tena kwetu ndoa moja iko na siku nyingi: dote, komini, kanisa, kisha sherehe ya mangaribi. Hata Sheria ya Familia ya mwaka 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inaitambua dote. Lakini si kila mtu anaalikwa fasi zote. Kadi iseme wazi mgeni anangojwa wapi, ili rafiki wa kazini asijikute kwenye dote ambako viti vimehesabiwa kwa familia mbili tu.

Na saa? Hapo njo watu wengi wanapotea. Ukiandika "saa 8", mama anaelewa saa nane ya mchana, na aliyezoea saa za Kifaransa anaelewa asubuhi. Andika zote mbili: "saa nane ya mchana, 14h00". Kama kuna ndugu watakaofuata sherehe ku simu, ongeza "saa ya Bukavu". Wakati huku ni 14h00, Kinshasa ni 13h00, Kampala na Dar es Salaam ni 15h00.

Sasa simu. Kazi yake kubwa ni mabadiliko, na kuwafikia walio mbali. Lakini kila njia ina tabia yake. Ndani ya grupu ya WhatsApp, tangazo la sala mpya linafunikwa upesi na pongezi, odio na picha. Kama mutatumia grupu, wakubwa wa grupu peke yao waruhusiwe kuandika. Na musichanganye habari na michango. Mtu akiona kila siku orodha ya waliotoa na wasiotoa, anatoka kimya kimya, na habari za harusi zinampita. Grupu ya michango iwe yake peke yake.

Kuna pia orodha ya kutangazia ya WhatsApp: unaandika mara moja, kila mtu anapokea peke yake, hadi watu 256. Lakini ujumbe unamfikia tu yule aliyehifadhi namba yako ndani ya simu yake. Shangazi ambaye hajaihifadhi hatapokea kitu, na wewe utafikiri amepokea.

SMS watu wanaidharau, lakini inaingia hata ndani ya simu ya tochi. Ujumbe mmoja unabeba herufi 160, na zinatosha kabisa. Kwa mfano: "Dote ya Jumamosi haiko tena Kadutu. Ni Nguba, kwa shangazi wa bibi harusi. Saa nane ya mchana, 14h00. Ukisoma, jibu NDIYO." Kama tungetuma mistari hiyo tu, baba mukubwa angefika.

Lakini tazameni neno la mwisho: jibu NDIYO. Kutuma haiko kujulisha. Mgeni amejulishwa siku amejibu. Kwa hiyo chagueni mtu mmoja, mdogo wenu ama rafiki mwenye subira, mumpe kaye. Aandike jina la kila nyumba iliyoalikwa, njia ya kuifikia (kadi, WhatsApp, SMS ama kupiga), nani anawajibika nayo, na mwishoni alama: amejibu, hajajibu. Kitu kikibadilika, kaye inafunguliwa, na wale wasiojibu wanapigiwa mmoja mmoja. Wazee wapigiwe wa kwanza, na mtu wa umri wa kuwasemesha. Kama sababu ya mabadiliko ni kilio, musiandike mbele ya kupiga.

Kwa kaye hiyo mutaokoa hata pesa. Si lazima kuchapa kadi 300. Chapeni za wazee, wakwe, wachungaji na wale wasio na intaneti, kadi moja kwa nyumba. Marafiki wa chuo wapewe picha ya kadi ile ile, pamoja na maandishi mafupi kwa yule ambaye mega zake hazitoshi kufungua picha.

Na baba mukubwa? Mbele ya siku ya kanisa, baba na mimi tulipanda gari mpaka Walungu na kadi mpya, hata kama tarehe alikuwa anaijua. Akaisoma polepole, akaigeuza nyuma, akauliza: "Na njia ikiharibika tena, nani atanipigia?" Nikasema: "Mimi, baba." Akanipa kalamu: "Andika namba yako hapa."

Siku ya posho ile alifika wa kwanza.

Na kwenu, ndugu, nani anashika kaye?