Rejeta ya Ford Katika Anga la Rufiji

Mwishoni mwa mwaka 1914, manowari ya Uingereza ilitumwa Mombasa kutafuta rejeta ya gari. Ikapatikana ya Ford, ikasafirishwa hadi kisiwa kidogo cha Nyororo, jirani na Mafia, na huko mafundi wakaifunga kwenye ndege. Ndege hiyo, Curtiss yenye tumbo la mashua, ilikodiwa kutoka Durban pamoja na rubani wake, raia aliyeitwa H. Dennis Cutler. Rejeta iliyokuja nayo ilikuwa imeshindwa na joto la pwani.

Kilichowasumbua Waingereza kiasi hicho kilikuwa meli moja. Tarehe 20 Septemba 1914 manowari ya Kijerumani Königsberg ilivamia bandari ya Zanzibar alfajiri na kuizamisha Pegasus, manowari ya Uingereza iliyokuwa imetia nanga ikitengenezwa. Kisha ikatoweka. Mwishoni mwa Oktoba iligunduliwa ndani ya delta ya Rufiji, kwenye mito inayojigawa na kukutana tena katikati ya msitu wa mikoko. Nahodha wake, Max Looff, aliificha mbali kiasi kwamba manowari kubwa hazikuweza kuingia kumfuata, na kutoka baharini hakuna aliyeiona. Njia ya kuiona ilibaki moja tu: kutokea juu.

Wakati huo ndege yenye injini ilikuwa haijatimiza hata miaka 11 tangu ndugu wa Wright waruke kwa mara ya kwanza. Jeshi la majini la Uingereza lilikuwa na marubani na ndege, lakini zilibuniwa na kujaribiwa katika hewa ya baridi ya Ulaya. Swali la namna zitakavyofanya kazi katika joto la tropiki lilikuwa bado halijajibiwa vizuri. Jibu lilitafutwa Rufiji, Vita vya Kwanza vya Dunia vikiendelea.

Cutler aliruka, akaiona Königsberg, akarudi na habari. Tarehe 10 Desemba injini ilimzimikia akashuka ndani ya delta. Wajerumani wakamkamata. Mabaharia wa Kiingereza waliingia na boti chini ya risasi, wakaifunga ndege kamba na kuikokota hadi baharini, lakini rubani alikwisha kuwa mateka.

Februari 1915 zikaja ndege mbili za kijeshi aina ya Sopwith, zenye maboya ya kutulia majini. Zilikuwa mpya, na zikaumbuka upesi. Gundi iliyoshikilia mbao zake ililegea kwa joto, mapangaboi yakapinda. Wakati mwingine ndege ilikimbia juu ya maji, ikakimbia tena, isinyanyuke. Ikibebeshwa mabomu na mtu wa pili, haikuondoka kabisa.

Kosa halikuwa la mbao na gundi peke yake. Bawa hubeba ndege kwa kusukuma hewa chini, na hewa ikipata joto hutanuka, ikawa nyepesi. Hewa ya nyuzi 35 ni nyepesi kwa takriban asilimia 6 kuliko ile ya nyuzi 15, kanieneo ikiwa ni ile ile. Unyevu wa pwani huipunguza uzito zaidi. Hasara hiyo hulipwa mara tatu. Bawa hupata hewa kidogo ya kuegemea, pangaboi hukosa cha kung'ata, na injini hupata oksijeni pungufu ya kuchomea mafuta. Ndege ya leo ina nguvu ya akiba ya kufidia upungufu huo. Sopwith ya 1915 haikuwa nayo. Tena ilipaswa kujibandua majini kwanza, na asubuhi shwari, pasipo upepo wala mawimbi, maboya hung'ang'ania maji kama sahani iliyolowa juu ya meza.

Siku hizi hakuna ndege kubwa inayoanza kubeba abiria kabla ya kupitishwa makusudi katika majaribio ya joto na hewa nyepesi. Mwaka 2014 Airbus iliipeleka A350 Al Ain, katika Falme za Kiarabu, ikaonje joto la jangwani, na La Paz, Bolivia, ambako uwanja wa ndege uko kwenye mwinuko wa takriban mita 4,000 na hewa ni haba. Wahandisi walikwenda na vipimo kila kona. Rufiji kipimo kilikuwa rubani mwenyewe.

Baada ya Sopwith zikaletwa ndege za Short, nazo zikiwa zimechoka. Tarehe 25 Aprili 1915 rubani John Cull alifika juu ya Königsberg katika moja ya ndege hizo, akiwa chini kiasi kwamba bunduki za kawaida zilimfikia, na picha za meli zikapigwa. Sasa makamanda walijua hasa ilipo. Kuipiga kulihitaji mambo mawili zaidi: meli zenye uwezo wa kupita kwenye maji machache, na ndege za kukaa hewani muda mrefu.

Meli zilikuwa Severn na Mersey, manowari bapa zilizokokotwa kutoka Malta. Kwa upande wa ndege, makamanda waliacha kushindana na maji. Kisiwa cha Mafia kilikuwa kimetekwa tangu Januari. Hapo pakafyekwa uwanja, zikaletwa ndege za magurudumu: mbili za Caudron na mbili za Henri Farman.

Tarehe 6 Julai meli hizo mbili ziliingia mtoni na kuanza kupiga kutoka umbali wa kilomita 10 hivi, juu ya mikoko, bila kuiona shabaha yao. Ndege iliyozunguka juu ilituma kwa simu ya upepo, kwa alama za Morse, mahali kila kombora lilipoangukia: fupi, refu, kulia, kushoto. Siku hiyo Königsberg ilijibu vikali, Mersey ikapigwa, na Waingereza wakarudi baharini.

Walirudi tarehe 11. Cull alikuwa usukani, na Arnold, mtazamaji wake, kwenye simu. Mizinga ilipoanza kuipata shabaha, vipande vya kombora vikaipiga injini ya ndege. Cull akaiachia ndege iteleze kuelekea mtoni, na wakati inashuka Arnold aliendelea kutuma masahihisho kwa wapiga mizinga. Ndege ilianguka majini karibu na Mersey, ikapinduka. Wote wawili walitolewa hai. Looff, meli yake ikiwaka moto, aliamuru ilipuliwe.

Mizinga 10 ya Königsberg ilitolewa mtoni, ikawekewa magurudumu na kupigana nchi kavu chini ya Lettow-Vorbeck, kamanda wa majeshi ya Kijerumani Afrika Mashariki. Mmoja uko Fort Jesus, Mombasa.

Joto halikuwaonea Waingereza peke yao. Tarehe 21 Novemba 1917 Zeppelin L59, chombo cha anga cha Kijerumani kilichoelea kwa gesi, iliondoka Jamboli, Bulgaria, na tani 15 za shehena kwa ajili ya Lettow-Vorbeck. Haikutegemewa kurudi: ingefika, ingevunjwa, na ngozi yake kushonwa mahema na nguo. Juu ya jangwa, jua la mchana liliitanua gesi yake hadi ikavuja; usiku baridi iliinyima nguvu ya kuelea, ikashuka hadi karibu igonge mlima. Ilipokaribia Khartoum ikapokea amri ya kugeuka. Ilitua Jamboli tarehe 25 Novemba, baada ya saa 95 hewani, bila kuifikisha shehena. Siku hiyo hiyo Lettow-Vorbeck na askari wake walivuka mto Ruvuma kwa miguu kuingia Msumbiji.