Kabla hujamzika kaa wako

Mdogo wangu alirudi Arusha kutoka likizo Tanga na kaa wawili kwenye ndoo, wale wanaotembea na gamba la konokono mgongoni (jenasi Coenobita). Mwezi Julai mmoja akazama mchangani siku kumi. Nyumba nzima ikasema kafa, tupeni.

Ngoja kwanza. Kaa huyu hukua kwa kuvua ganda lake. Hujizika wiki kadhaa, mwili ukiwa laini kabisa, na ukimfukua unaweza kumuua. Ukikuta “maiti” juu ya mchanga, iangalie: ikiwa nyepesi na tupu ndani, ni ganda kuukuu tu. Liache, atalila kurudisha kalisi. Aliyekufa kweli utamjua kwa pua, ananuka kama samaki aliyeoza.

Mgonjwa ni yule aliyelegea nje ya gamba, anayepoteza miguu, ukimgusa hajifichi. Hapo usikimbilie dawa, angalia makazi yake. Anaishi nchi kavu lakini anapumua kwa matamvua, nayo lazima yawe na unyevu. Pwani hewa inatosha. Huku kwetu, mita 1,400 hivi juu ya bahari, Julai ni baridi tupu. Funika chombo, loanisha mchanga, joto liwe nyuzi 25 hivi. Maji ya bomba yalaze wazi usiku kucha klorini itoke.

Wetu aliibuka wiki ya sita, akaenda moja kwa moja kwenye maganda ya mayai yaliyosagwa.