Njia ni ya nani? Ugomvi wa vibali vya usafiri na namna ya kuumaliza



Familia iliyokimbia vita inategemea gari ili kufika sokoni, hospitalini, au kurudi kutazama shamba. Wenye magari wakigombania njia, abiria ndiye wa kwanza kuumia. Katika toleo hili tunaeleza ugomvi wa namna hiyo unaanzia wapi na sheria inautatua namna gani. Tunachukua mfano wa Afrika ya Kusini, ambako umeua watu wengi, na ambako Wakongomani wengi wanaishi.

KIBALI CHA NJIA NI NINI?

Ni ruhusa ya serikali kwa mwenye gari, ili abebe abiria katika njia iliyoandikwa, kwa muda uliowekwa. Sheria ya usafiri ya Afrika ya Kusini, namba 5 ya mwaka 2009, inasema muda huo usizidi miaka 7. Kwa hiyo kibali si shamba la urithi. Aliye nacho ana haki ya kufanya kazi, lakini njia si mali yake wala si mali ya chama chake.

UGOMVI ULIANZIA WAPI?

Mwaka 1988 serikali ya wakati ule ililegeza masharti ya usafiri. Vibali vya taksi, yaani mabasi madogo, vilitolewa kwa wingi bila kuangalia kama abiria wanatosha. Magari yakawa mengi, yote yakitafuta watu wale wale. Vyama vya wenye taksi vikajitwalia kazi ya kulinda njia na vituo, na wengine wakatumia bunduki. Chama kikawa na nguvu kuliko karatasi ya serikali.

Mwaka 2021 vyama viwili vya Cape Town, CATA na CODETA, viligombania njia inayoitwa B97, kutoka Mbekweni katika mji wa Paarl hadi Bellville. Kila kimoja kilisema watu wake ndio wenye haki. Mwaka huo makumi ya watu waliuawa katika vurugu za taksi za jimbo lile. Mwezi wa 7 taksi nyingi zilisimama, dereva wa basi alipigwa risasi, na wafanyakazi wengi walishindwa kufika kazini. Serikali ya jimbo ilifunga njia ile kwa miezi 2, kisha ikaongeza muda. Vyama vikapelekwa mbele ya msuluhishi. Njia ilipofungwa, hata mwenye kibali halali alikosa mkate wake.

SHERIA INAONYESHA HATUA GANI?

1. Ombi la kibali linapelekwa katika ofisi ya jimbo na kutangazwa, ili kila mtu alijue.
2. Anayepinga anaandika sababu zake kabla ya uamuzi kutolewa.
3. Asiyeridhika anakata rufaa kwenye baraza la rufaa la usafiri, lililowekwa kwa sheria ya mwaka 1998.
4. Akiona bado sheria haikufuatwa, anaweza kwenda mahakamani.

Hatua mbili za kwanza ndizo zinazozuia damu. Kibali kinachotolewa kwa siri au kwa rushwa kinazaa maadui, kwa sababu aliyekosa hajui kwa nini amekosa.

VIONGOZI WETU WAFANYE NINI?

Sheria ya Congo ni nyingine, lakini hekima ni ile ile. Vijana wa pikipiki wakigombania kituo karibu na kambi, kiongozi asilipe kundi moja njia. Yeye si mwenye kutoa vibali. Aulize kwanza: karatasi iko wapi, imetolewa na ofisi gani, kwa njia gani? Awasikilize wote, hata abiria na akina mama wauzaji. Mapatano yaandikwe na kusomwa mbele ya watu. Tena asikubali ugomvi wa kituo uitwe ugomvi wa kabila, kwa maana ukishapewa jina hilo, kuuzima ni kazi kubwa.

TUZUNGUMZE KATIKA VIKUNDI

– Katika kituo chetu, nani anaamua gari gani lipakie?
– Aliyeonewa anaweza kulalamika wapi bila kuogopa?
– Abiria wanapata nafasi ya kusema?