Barabara ya Tioga: Njia Iliyodumu Kuliko Mgodi Wake

Wahenga walisema, mchumia juani hulia kivulini. Methali hii ni ya kweli mara nyingi, lakini zipo barabara duniani ambazo mmoja alichuma juani na mwingine akala kivulini. Mojawapo ni Barabara ya Tioga, inayovuka milima ya Sierra Nevada katika jimbo la California, Marekani. Leo tunaisimulia safari yake pamoja na habari za watu walioitengeneza.

Njia hii ni sehemu ya mstari wa barabara kuu ya jimbo inayojulikana kwa namba 120. Msafiri anayetoka magharibi huanzia Manteca, katika bonde tambarare la mashamba, akapita Oakdale na kijiji cha Chinese Camp, yaani Kambi ya Wachina, ambako wachimba dhahabu wa Kichina waliishi kwa maelfu katika miaka ya 1850. Mbele yake kuna mpando mkali wa Priest Grade, kisha mji mdogo wa Groveland, na hatimaye lango la Hifadhi ya Taifa ya Yosemite. Ndani ya hifadhi, ambako barabara hutunzwa na serikali kuu, njia hupita kando ya Ziwa Tenaya na mbuga za Tuolumne, ikapanda hadi Kipito cha Tioga, mita 3,031 juu ya usawa wa bahari. Hakuna barabara kuu nyingine katika California inayovuka mlima mahali pa juu kuliko hapo. Upande wa mashariki mteremko ni wa kutisha: katika mwendo wa kilomita 19 tu, gari hushuka karibu mita 1,000 hadi Lee Vining, kando ya Ziwa Mono lenye maji ya chumvi.

WENYEJI WA KWANZA

Kabla ya magurudumu kufika, wenyeji wa milima hii walikuwa na njia yao ya miguu. Watu wa mashariki walileta chumvi na mawe meusi ya kuchongea vichwa vya mishale, wakabadilishana na watu wa magharibi waliokuwa na matunda ya mialoni ya kusagia unga.

Mwaka 1851 kikosi cha wanamgambo kilimteka mzee Tenaya, kiongozi wa watu wa bonde la Yosemite, karibu na ziwa lililo kando ya barabara hii. Watekaji walimwambia kwamba ziwa hilo litaitwa kwa jina lake. Mzee akawajibu kwamba ziwa lilikuwa na jina tayari: Pywiack, ziwa la miamba inayong'aa. Hawakumsikiliza. Mwaka uliofuata askari waliowafuatia watu wake ng'ambo ya milima walirudi na vipande vya mawe yenye madini, na habari hiyo ikaamsha tamaa ya wengi.

MGODI NA WAJENZI

Mwaka 1881 iliundwa kampuni ya kuchimba madini ya fedha, ile inayofuliwa bangili na mikufu, katika kilima kilicho karibu na kipito. Katika majira ya baridi ya 1882, mitambo yenye uzito wa tani 8 ilikokotwa juu ya theluji kwa nyumbu na kamba kutoka Lundy. Kazi hiyo ilichukua zaidi ya miezi miwili. Wakuu wa kampuni waliona wazi kwamba bila barabara mgodi hautaendelea.

Barabara ikajengwa, na ikakamilika Septemba 1883: kilomita 90 kwa siku 130 za kazi. Wengi wa wafanyakazi walikuwa Wachina, waliovunja miamba kwa sururu, nyundo na baruti, kwa ujira mdogo kuliko ule wa mzungu. Ndugu msomaji, zingatia mwaka huo. Mei 1882 Marekani ilikuwa imepitisha sheria ya kuwazuia vibarua wa Kichina kuingia nchini na kuwanyima Wachina uraia. Sheria hiyo haikufutwa hadi 1943. Hivyo watu walioambiwa kwamba nchi haiwataki ndio waliokuwa wakiifungulia njia.

Na fedha yenyewe? Mgodi ulifungwa mwaka 1884 bila kusafirisha hata shehena moja ya madini. Barabara iliyojengwa kwa ajili yake ilikuwa haijatimiza mwaka mmoja.

ASKARI WALINZI

Njia iliachwa bila matengenezo, miti ikaiangukia na maji yakaikata. Lakini haikukosa wapitaji. Kuanzia 1891, kwa zaidi ya miaka 20, jeshi ndilo lililolinda hifadhi. Miongoni mwa walinzi hao, katika miaka ya 1899, 1903 na 1904, walikuwamo askari weusi wa Kikosi cha 24 cha miguu na Kikosi cha 9 cha wapanda farasi. Waliwaondoa wachungaji waliolisha kondoo kinyume cha sheria, wakazima moto wa misitu, wakafungua njia. Waliyatenda hayo wakati ambapo wao wenyewe hawakuwa na haki sawa na raia wenzao.

Mwaka 1915 Stephen Mather, aliyekuja kuwa mkuu wa kwanza wa idara ya hifadhi za taifa, aliinunua barabara kwa fedha yake na michango ya wengine, akaikabidhi kwa serikali. Mwaka huohuo magari yakaruhusiwa kupita. Mwaka 1961 sehemu ya kati iliyokuwa nyembamba na yenye kona nyingi ilijengwa upya, ingawa watetezi wa milima, akiwamo mpiga picha Ansel Adams, walilalamika kwamba miamba mizuri ya Ziwa Tenaya ilipasuliwa bila huruma.

Hata leo mlima haujashindwa. Theluji huifunga barabara kila mwaka, kwa kawaida kuanzia Novemba hadi Mei au Juni. Mwaka 2023 theluji ilikuwa nyingi hata njia ikafunguliwa tarehe 22 Julai.

Mwaka 2021, katika sehemu ya Wawona ndani ya hifadhi, jengo la zamani la kufulia nguo lililotumiwa na Wachina lilifunguliwa kuwa mahali pa kuonyesha historia yao. Heshima hiyo ilikuja baada ya miaka 138, na wajenzi wote walikuwa wamekwisha kufa. Basi wazazi tunaposafiri na watoto wetu, tusiwaonyeshe daraja na kona za barabara tu. Tuwafundishe pia kuuliza ni nani aliyevunja jiwe la kwanza, na kama alilipwa haki yake.