Rajat Neogy na Kurasa za Barua

Mwaka 1961, Uganda ikiwa bado haijapata uhuru, Rajat Neogy alianzisha jarida la Transition mjini Kampala. Alizaliwa mjini humo mwaka 1938 katika familia ya Kihindi yenye asili ya Bengali, akaenda kusoma London, kisha akarejea nyumbani akiwa na umri wa miaka ishirini na ushei. Wanaomkumbuka leo humsifu kwa majina makubwa aliyoyachapisha: Achebe, Soyinka, Okot p'Bitek, Ngũgĩ. Sifa hiyo ni ya haki, ila naona inatuficha jambo zito zaidi. Uliberali wa Neogy ulionekana hasa katika kurasa za barua, pale ambapo msomaji yeyote aliweza kumpinga mwandishi, hata mhariri mwenyewe, na hoja yake ikachapishwa. Mwaka 1966, baada ya Rais Nkrumah wa Ghana kupinduliwa, Ali Mazrui wa Chuo cha Makerere aliandika humo makala yaliyomfananisha na Lenin na pia na mfalme wa Urusi ya zamani. Wasomaji waliompenda Nkrumah waliwaka, na hasira zao zikapewa nafasi. Mwaka uliofuata Mazrui huyohuyo aliwakosoa wasomi waliomhusudu Nyerere kupita kiasi, ilhali Nyerere naye alikuwa miongoni mwa walioandika katika jarida hilo.

Wapo wanaosema Transition lilikuwa jarida la wasomi wachache, lililoandikwa kwa Kiingereza ambacho mkulima wa Masaka au mchuuzi wa sokoni Kampala hakuwa na haja nacho. Ni kweli, na sioni sababu ya kulitetea kwa hilo. Lakini ni humo humo, mwaka 1963, ambamo Obi Wali wa Nigeria alitoa hoja kwamba fasihi ya Kiafrika inayoandikwa kwa lugha za Ulaya haina mbele. Mabishano aliyoyawasha bado yanaendelea, nasi tunaosoma na kuandika Kiswahili tumo ndani yake. Mhariri aliyetaka kulinda masilahi yake angeyatia makala hayo kapuni.

Lawama ya pili ni nzito zaidi. Jarida lilisaidiwa kifedha na Congress for Cultural Freedom, shirika lililokuwa na makao Paris, na kufikia mwaka 1967 ilikwisha kuwa wazi kwamba nyuma ya shirika hilo zilikuwapo fedha za CIA, shirika la ujasusi la Marekani. Kuficha chanzo cha fedha kulikuwa kosa kubwa la Wamarekani: waandishi waliojiona huru walitumiwa bila kuulizwa, na maadui wa jarida wakapata silaha ya bure. Hata hivyo, ukitaka kujua kama fedha hizo zilimnunua mhariri, tazama alichokichapa. Jarida lenyewe lilijadili kashfa hiyo waziwazi. Tena mwaka huohuo wa 1967 lilitoa makala ya Paul Theroux yaliyowashambulia Wazungu waliokuja Afrika kuishi kibwana.

Ushahidi mkubwa kuliko wote ni wa mwaka 1968. Picho Ali, mtu wa karibu na serikali ya Rais Obote, aliandika katika Transition akitaka mahakama zifuate itikadi ya serikali. Abu Mayanja, mwanasheria na mbunge, akamjibu kwa barua: akaikosoa katiba ya 1967 na kuhoji kwa nini majaji Waafrika hawateuliwi. Pande zote mbili zilisikika katika jarida lilelile. Oktoba mwaka huo Neogy na Mayanja walikamatwa, wakashtakiwa kwa uchochezi. Februari 1969 mahakama iliwaachia huru, wakakamatwa tena papo hapo kwa sheria za hali ya hatari. Neogy alitoka kizuizini mwezi wa Machi akiwa amevuliwa uraia wa nchi aliyozaliwa. Mayanja alisubiri hadi mwaka 1970. Wanaodai kwamba serikali changa ilihitaji utulivu baada ya mgogoro wa 1966 na ufalme wa Buganda wanapaswa kueleza barua moja ingeuvurugaje, ikiwa mtu wa serikali ndiye aliyepewa nafasi ya kusema kwanza.

Neogy alilifufua jarida Accra mwaka 1971, na baadaye Soyinka akapokea uhariri. Lilikoma mwaka 1976, likaanzishwa upya Marekani mwaka 1991. Mwanzilishi wake alifariki San Francisco mwaka 1995. Kampala haikupata tena jarida lake.